Udi kwa Mtu Aliye Hai

Bi Szeto aliingia kwenye kiwanda kilichogeuzwa nyumba ya msiba kwa ajili ya filamu, akaikuta sura yake mwenyewe juu ya madhabahu.

Ni ile picha ya nyuma ya riwaya yake ya upelelezi, imekuzwa, imetiwa fremu nyeusi. Vijiti vya udi vilikuwa vinafuka kwelikweli mbele yake, na jivu lilishatua kwenye kioo, palepale kidevuni.

Hong Kong nzima inajua: picha ya mtu aliye hai haifukiziwi udi.

"Usinune, shangazi," mwongozaji alisema huku anatafuna. "Filamu yenyewe ya kuungaunga, tulikosa picha ya kuweka ya marehemu. Na wewe sura unayo!"

Watu wa taa walicheka, ila kicheko cha woga.

Mwongozaji akamnyooshea bahasha nyekundu, ile anayopewa anayeigiza maiti ili mkosi umtoke. "Pokea yaishe, halafu utie sahihi."

Sahihi ndiyo iliyomleta. Jamaa alikuwa amekigeuza kitabu chake filamu na kumbadilisha muuaji, na bila ruhusa yake filamu haionyeshwi popote.

Bi Szeto hakuigusa bahasha. Alichukua vijiti vitatu, akaviwasha, akaiinamia sura yake mara tatu, taratibu, kama mtu anayemuaga mama yake. Watu wa taa wakaanza kurudi nyuma.

"We bibi, una wazimu?" mwongozaji alifoka. "Unajiitia kifo!"

"Si mmeshaniua?" Akavichomeka vijiti kwenye majivu, akapangusa mikono. "Basi hiyo sahihi kamwombe marehemu."