Kijiti cha Saa

Mwalimu mkuu mpya alikiona kijiti kilichosimikwa katikati ya uwanja, na mawe ambayo watoto waliyapanga wakifuata kivuli chake.

"Uchawi gani huu?"

"Ni saa yetu," alijibu Mwalimu Mwanaidi. "Watoto wanajifunza kwa macho yao."

"Mtihani hauulizi vivuli." Akaking'oa, akakivunja.

Wiki haikuisha, Mwanaidi akahamishwa. Aliondoka bila kuaga. Langoni akageuka. Palipokuwa na kijiti, mwanafunzi wake Nyamizi alikuwa amesimama wima, mikono ameibana mapajani, jua likimchoma. Mwenzake alichuchumaa na jiwe mkononi, penye ncha ya kivuli cha Nyamizi.

"Usitikisike," alimwambia huku analia. "Tujue Mwalimu ameondoka saa ngapi."