Kibogoyo wa Kisimani

Mchezo wa video ulikuwa umekwisha, bingwa wa mwisho kashapigwa, lakini mshonaji aliyekuwa akiucheza alipobonyeza kitufe kwenye kisima kikavu, ngazi ikatokea. Chini alikaa mzee asiye na uso.

"Wanyama uliowatupa," alisema mzee, "ndio jeshi langu."

Wa kwanza kutoka alikuwa Kibogoyo.

Kidole gumba cha mshonaji, chenye makovu ya sindano, kikaganda juu ya kitufe. Kibogoyo alikuwa mnyama wake wa kwanza kabisa. Kaka yake, aliyekuwa akicheza naye kwa zamu, ndiye aliyemwachilia porini bila kuuliza, eti joka lake lipate nafasi ghalani. Jambo hilo lilimkaa kooni kama mwiba.

"Mbona umenuna?" kaka aliuliza kutoka kwenye kochi. "Mtwange huyo, hana hata jino!"

Akamtwanga, machozi yakimlengalenga. Akawamaliza wote, mpaka mzee akapiga magoti na kumrudishia Kibogoyo wake. Maandishi yakatokea: ghala limejaa, achilia mnyama mmoja.

Akateremka taratibu kwenye orodha hadi kwenye joka, lile alilolilea kaka tangu likiwa yai.

"Kaka," aliita kwa sauti ya asali, "njoo umuage mwenzako."