Uzi Uliolegezwa

Roswitha aliulegeza uzi mmoja wa fidla, akaparudia pale pagumu pa sonata. Vidole vikakaa vyenyewe. Kumbe muziki huu uliandikiwa uzi uliolegezwa.

Akalitazama jalada la kitabu cha muziki. Mtunzi mashuhuri aliyeandikwa jina jaladani hakuwahi kulegeza uzi maishani mwake. Mtindo huo ulikuwa wa mwanafunzi wake.

Kitandani, baba yake alifumbua macho. Alikuwa amezeeka akibishana na wataalamu wote wa jiji la Dresden kwamba sonata ni ya yule mashuhuri, na kesho walikuwa wanamletea nishani kwa hoja hiyo.

“Mbona safari hii imetoka laini hivyo?”

“Mazoezi, baba.”

“Wewe na mazoezi, tangu lini?”

Roswitha akaukaza uzi, akaanza upya. Kidole cha mwisho kikakosa.

“Ulegeze tena,” mzee alisema polepole. “Nimsikie mtunzi ni nani.”