Kichwa Wazi Kama Jenerali

Papa Numbi alikataa katakata kuvaa kofia.

Mvua ya Februari ilikuwa inanyesha juu ya makaburi ya Evere, ile mvua ya Brussels isiyo na haraka, inayoingia taratibu mpaka ndani ya soksi. Kila upande miavuli. Yeye peke yake, mzee wa miaka sabini na nane, alisimama ukingoni mwa kaburi, upara ukimetameta kama sufuria iliyosuguliwa kwa mchanga.

“Papa, vala kofia,” alinong’ona binti yake Graciella. “Mvula iko nanyesha!”

“Niko naiona.”

“Umetoka hospitali wiki mbili tu. Docteur alisema nini? Pneumonie ingine mu mapafu, ni kwisha!”

Graciella alijua alilosema. Yeye mwenyewe ni muuguzi kule Jette. Akafungua mkoba wake, na ukingo wa kofia ya pama, ya kijivu, ukachungulia nje.

Papa Numbi alishtuka kama aliyeumwa na nyuki.

“Nani alikutuma kuileta? Niliiacha nyumbani, juu ya kabati!”

“Njo maana niliishusha. Kwetu Ganshoren unaivala hata ku meza. Hapa mbele ya watu ndiyo unafanya kiburi?”

“Rudisha mu sakosi. Vite, mbio!”

Pama likarudi gizani. Lakini watu walikwisha kugeuka, na mjane, Maman Marie-Claire, alikuwa anatazama. Papa Numbi akakohoa, akanyoosha kifua, akafanya lile alilolijua kuliko wote waliokuwa pale: akaanza kusimulia.

“Bon. Munashangaa juu ya kichwa changu? Musikilize. Kule Amerika, siku za vita yao wenyewe kwa wenyewe, kulikuwa majenerali wawili. Sherman wa Kaskazini, Johnston wa Kusini...”

Hakuna aliyeshangaa. Kwa miaka kumi na tano, kila Jumamosi, Papa Numbi na marehemu Polycarpe walikuwa wakipigana vita hiyo upya hapo hapo Evere, ghorofa ya nne kwa Polycarpe, juu ya meza ya kahawa, kwa msaada wa vitabu vilivyochanika walivyovipata kwenye soko la vitu vikuukuu. Polycarpe, mtu wa Bukavu, alikuwa Sherman: anafukuza, anachoma, hana huruma hata na bakuli la sukari. Numbi, mtu wa Lubumbashi, alikuwa Johnston, bingwa wa kurudi nyuma, jenerali aliyeliokoa jeshi lake kwa kutokuwepo pale adui alipompiga.

Na kila Jumamosi, kahawa ikiisha, Polycarpe alimkazia macho.

“Alors, mon général, leo unainua mikono?”

“Bado.”

“Usiogope. Johnston aliinua, na Sherman akamupokea muzuri, akapatia hata waaskari wake chakula. Na mimi masharti yangu si mabaya.”

“Nimesema bado!”

Jumamosi ya mwisho pia aliuliza, kwa sauti iliyokwisha kuwa nyembamba kama uzi. Jibu lilikuwa lile lile. Tangu siku hiyo Papa Numbi hakulala vizuri.

“Vita ikaisha,” aliendelea sasa, maji yakimchuruzika puani. “Wale maadui wakakuwa marafiki. Wakakula meza moja. Miaka ikapita, Sherman akafa, mwezi kama huu, baridi kama hii. Johnston iko na quatre-vingt-quatre ans, miaka makumi munane na ine, akakuja kumusindikiza, kichwa wazi. Watu wakamusihi: vala kofia, mon général! Akajibu: ingekuwa mimi niko mule mu sanduku, na yeye amesimama hapa, hangevala.”

“Na kisha?” aliuliza Graciella, ambaye alijua fika.

“Kisha akakufa,” alisema Papa Numbi kwa fahari. “Mwezi mumoja tu. Pneumonie.”

Minong’ono ikapita chini ya miavuli. Kabeya, aliyeimba besi pamoja na Polycarpe kanisani, akatikisa kichwa.

“Ni kweli, hata Polycarpe hangevala. Munakumbuka matanga ya Jean-Baptiste, vile makoti na kofia zote zilirundikwa ku kitanda? Ya kwake ilipotelea pale. Akaapa kichwa chake hakitaona ingine. Onze ans, miaka kumi na moja, muntu anatembea kichwa wazi, mvula, teluji!”

“Munaona?” alisema Papa Numbi, lakini sauti ilikuwa imemshuka kidogo.

Basi nani angemlazimisha tena? Kabeya akavua kofia yake. Wa pili akavua, wa tatu akavua. Hata padri akasogeza mwavuli pembeni.

“Papa, unatetemeka,” alinong’ona Graciella.

“Ni uchungu.”

Udongo ukaanguka, wimbo ukaisha. Watu walipoanza kwenda kwenye magari, Maman Marie-Claire alimjia, kifuani amekumbatia kitu cha mviringo ndani ya mfuko wa nailoni.

“Aksanti, Papa Numbi. Umemupa heshima kubwa.”

“Ni kidogo, Maman. Ni kidogo sana.”

“Aliacha kitu. Alisema, siku nitakufa, hii umupe général.”

Lilikuwa sanduku la kadibodi, zuri, la duka la kofia. Papa Numbi alilifungua taratibu. Hamkuwa na kitu. Karatasi laini tu, na katikati yake alama ya duara, pale kofia ilipokuwa ikilala zamani.

Maman Marie-Claire akausogeza mwavuli wake juu ya ule upara.

“Alisema kofia yenyewe uko nayo tangu onze ans,” alisema. “Vala sasa, Papa. Mvula iko nanyesha.”