Lien ya Duka la Goma

"Kaka amenitoa!" Kavugho alipiga kelele mbele ya ordinateur, kompyuta ya duka yake ya mawese. "Ile lien ya kuleta watu kwa duka yangu, kwenye site yake ya Goma, yenye ilikuwa inanipandisha juu kwenye Google, haiko tena!"

"Bon, amepata muuza mawese mwingine," bwana yake alicheka.

Lakini kwenye site kaka alikuwa ameondoa na picha ya mama yao. Wivu ya biashara haifike kwa mama.

Tangu vita iingie Goma, kaka hakupiga simu. Sasa namba yake ikaita. Sauti haikuwa yake, ilikuwa ya mwanaume mwingine, kali.

"Tuko na huyu mutu hapa. Simu yake inakuandika 'Dada'. Uko dada yake?"

Kavugho alitazama tena mahali picha ya mama ilikuwa: kaka alikuwa amefuta kila kitu chenye kingeonyesha wako ndugu.

"Papa," alimujibu mwenye sauti, akijichekesha, "client ule anaita kila mama wa mawese dada."