Kinanda na Ua Lake

Mgombea wa tatu alitoroka kwa dirisha la jikoni, akaacha kofia yake mezani karibu na bakuli la supu ya samaki.

"Angalau huyu supu kaimaliza," alisema Gesche, akaitundika kofia msumarini pamoja na nyingine mbili.

Baba yake hakucheka. Mwalimu Detlef Harms alikuwa kitandani tangu Krismasi, na mji mzima wa Wendemünde ulijua kwamba Pasaka hataiona. Gesche alimlisha kwa kijiko, maana vidole vya mzee vilikuwa vimepinda tangu zamani kama tangawizi. Mpiga kinanda wa Kanisa la Nikolai, mtunzi ambaye kila Jumapili alikuwa na muziki mpya! Watu walikuja kwa mikokoteni kutoka miji ya mbali, wakaketi chini, wakalia machozi. Kumwona hawakumwona, kwa kuwa kinanda chetu kiko juu kabisa nyuma ya msitu wa mabomba. Mzee alipanda ngazi na binti yake wa kumfunulia kurasa, mlango ukafungwa, na mbingu zikafunguka. Sasa kinanda kilikuwa kimya, na mji ulikuwa na njaa nacho.

Desturi ya kwetu haina huruma. Atakayerithi kinanda sharti amwoe binti wa mpigaji, ili mji usibebe mzigo wa kumlisha. Asipopatikana wa kumwoa, kinanda hupewa mgeni yeyote, na binti huhamia nyumba ya maskini akasokote sufu hadi kufa.

"Sufu siiogopi," Gesche alimwambia baba yake. "Ila sitapanda tena ile ngazi, na hilo ndilo litakaloniua."

Mzee aligeuzia uso ukutani.

Gesche alikuwa amevuka thelathini, uso umeliwa na ndui, ulimi kama wembe. Wauza samaki walimcheka waziwazi: "Ukipenda boga, penda na ua lake! Hawa wanaume boga wanalipenda, ua wanalirukia dirishani!" Hata fundi viatu alikuwa na lake.

"Dada Gesche, hebu niambie, unatembea wapi wewe? Nyumbani na kanisani tu, lakini soli unazimaliza kuliko tarishi!"

"Natafuta mume," alijibu. "Kwani hujasikia?"

Wa nne aliitwa Marten Oldekop. Kijana mtanashati, nywele zimepakwa poda, maneno matamu. Gesche alimfungulia mlango akasimama kwenye mwanga makusudi, ili kama ni kukimbia akimbie mapema, supu isipotee bure.

Marten hakukimbia. Wala hakumtazama usoni. Alitazama viatu vya Gesche vilivyokuwa vikikauka karibu na jiko, akainua kimoja, akakigeuza, akapitisha kidole kwenye ncha iliyolika. Kisha akamtazama mzee kitandani, hasa mikono yake, kwa muda mrefu.

Mwishowe alitabasamu.

"Wenzangu walikitaka kinanda bila wewe," alimwambia Gesche. "Mimi, bibie, kinanda bila wewe sikitaki."

Gesche alisimama na mwiko mkononi, shingo ikimwiva, na moyo wake, jamani, ukaamini. Nani angemlaumu?

"Mkubalie, mwanangu," alisema mzee kutoka kitandani. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayeomba msamaha.

Kofia ya nne ikatundikwa msumarini, na mwenyewe akabaki.

Siku ya mtihani wa kinanda madiwani waliketi chini wamekunja mikono. Marten alipanda ngazi, Gesche akamfuata kumfunulia kurasa kama alivyozoea. Kukawa na kimya kirefu. Kwa sababu gani, hakuna aliyejua. Halafu kinanda kikanguruma, mikono ikipishana juu na miguu ikikimbia kwenye vibao vya chini, hadi vioo vya madirisha vikatetemeka. Katikati yake ulipita wimbo wa huzuni ambao haujawahi kusikika mjini kwetu.

Diwani Brüggemann alitoa leso. "Ni Harms mtupu!" alisema. "Kama vile mzee ameinuka kitandani!"

Marten alishuka akipungia watu mkono, poda ya nywele haijatikisika. Gesche alishuka nyuma yake, uso umelowa jasho, macho mekundu, hamtazami mtu.

"Mapenzi hayo," wauza samaki walinong'onezana, na safari hii hawakucheka.

Mzee Harms alifariki kabla ya Pasaka. Alizikwa ndani ya kanisa, heshima wanayopewa wachache, na juu ya jiwe lake wakachonga mikono miwili. Harusi ikafuata, bia ikamwagika, na bibi harusi hakuonja hata mkate.

Jumapili iliyofuata kanisa lilifurika hadi nje. Bwana na bibi Oldekop walipanda ngazi. Marten alifunga mlango kwa komeo, akachungulia umati kati ya mabomba, kisha akaketi kwenye kigoda cha kufunulia kurasa, palepale alipoketi mzee Harms miaka yote ile.

Gesche alivuta benchi, akaweka viatu vyake vilivyolika juu ya vibao.

"Haya, mke wangu, wanasubiri," Marten alinong'ona. "Na muziki utakaoutunga kwa Jumapili ijayo, usiandike tena Harms. Andika Oldekop."