Kima Aliyezuia Jua

Zama hizo za kale mnazosema zilikuwa tamu, wanyama walikuwa na vyombo vya kupinda wakati kwa sauti. Ngoma ilirudisha jana, njuga zilivuta kesho, zumari ilisimamisha jua.

Mama yake Kima aliugua, ikasemwa atakufa jua likizama. Kima akapuliza zumari, jua likaganda. Akapuliza mpaka midomo ikachanika.

"Mwanangu," akasema mama, "mchana umenipa. Maji je?"

Kima akatikisa kichwa, asiache kupuliza.

"Nina kiu, na mwanangu yuko mbele yangu. Huo mchana wako niufanyie nini?"

Kima akaweka zumari chini. Akamnywesha maji kwa kiganja, wakaongea kidogo. Jua likazama, mama akaenda, koo limelowa.

Zumari aliiacha palepale, ikaliwa na mchwa.